KITENZI CHA KIINGEREZA «QUOTH»: MANENO YA MTU KATIKA KINYWA CHA MWINGINE

Vijana wetu wanaosoma Kiingereza hufundishwa mapema vitenzi vya kusema: «say», «tell», «speak». Siku moja wakifungua kitabu cha kale hukutana na kitu kingine: «quoth he», «quoth I». Wakitafuta katika kamusi ndogo, pengine hawakioni kabisa, au waambiwa kwa neno moja tu kwamba maana yake ni «alisema». Jibu hilo si la uongo. Lakini ni sawa na kumwambia mgeni kwamba ndizi ni tunda: hajajua bado kama italiwa mbivu, au itapikwa na maharagwe, au itakamuliwa iwe kasiksi.

Wasomaji wapenzi, nataka tulitazame neno hilo polepole. Waingereza wenyewe hawalisemi tena katika mazungumzo ya kila siku; aliye na haja ya kununua mkate mjini London hatalihitaji. Walakini ndani yake mna jambo linalotuhusu sisi sote tunaosikia habari na kuzipeleka kwa wengine, yaani namna mtu anavyoyashika maneno ya mwenzake na kuyatoa mbele ya watu.

Neno lenyewe ni la zamani sana. Kabla ya Wanormandi kuingia Uingereza mwaka wa 1066, Waingereza walikuwa na kitenzi kizima «cwethan», maana yake kunena. Kilikuwa na nyakati zake zote kama vitenzi vingine. Baadaye «say» kikakizidi nguvu. Viungo vyake vikakatika kimoja kimoja, kikabaki kipande kimoja tu cha wakati uliopita, nacho ndicho «quoth». Kwa kipande hicho huwezi kusema «nitanena», wala «kunena», wala «wakinena». Hakina amri, hakina wakati ujao, hakina hata jina la kitendo. Katika vitabu vya miaka ya 1300 hadi 1500 huandikwa mara nyingi «quod». Ndivyo tunavyokisoma kwa Chaucer, aliyekufa mwaka wa 1400.

Tena kina tabia zake. Kwanza, desturi yake ni kumtanguliza msemo na kumweka mtu nyuma: «quoth he», si «he quoth». Pili, hakipendi kufuatwa na «kwamba». Ukisema «quoth» umeahidi kutoa maneno yenyewe, jinsi yalivyotoka kinywani mwa mwenyewe, wala si habari ya maneno tu. Tatu, mara nyingi hakikai mwanzoni. Msemaji hutangulia kutoa maneno mawili matatu, ndipo mwandishi anapopenyeza «quoth he», kisha maneno yanaendelea. Msikiaji husikia sauti kwanza, halafu ndipo anapojulishwa ni sauti ya nani.

Ndugu mmoja wa kitenzi hicho hakufa. Ni «bequeath», kumwachia mtu mali kwa wosia. Zamani maana yake ilikuwa kunena juu ya jambo. Baadaye ikawa kunena nani atapata nini nikiisha kufa. Nasi twajua kwamba wosia ni maneno na ni mali pia. Mzee akifa, watu hukusanyika kuuliza amesema nini, na katika swali hilohilo mna habari za shamba na mbuzi.

Mtu asidhani kwamba kitenzi kilichokatika viungo namna hiyo ni ajabu ya Waingereza peke yao. Kilatini kina viwili vya namna hiyo, «ait» na «inquit», navyo ni vilema vilevile, maana havina nyakati zote. Wazee waliohudumia Misa kwa Kilatini walisikia «ait» mara nyingi katika Injili. Mtakatifu Luka kwa Kilatini analo neno hilo pale Bikira Maria anapoanza kuimba Magnificat. Na «inquit» hupenyezwa katikati ya maneno ya msemaji kama «quoth» kabisa. Cicero, yule Mrumi, alipoandika kitabu chake juu ya urafiki mwaka wa 44 kabla ya Kristu, alieleza kwamba amewaacha watu wa kitabu wazungumze wenyewe, ili asilazimike kurudia «inquit» kila mara. Basi hata wakati ule neno hilo lilikuwa limekwisha kuwachosha wengine.

Wasomaji wetu wa Rutshuru na wale wa ng'ambo ya mto Ruzizi hawahitaji hata Kilatini. Kinyarwanda na Kirundi vina «-ti»: «nti», «uti», «ati», «tuti», «muti», «bati». Nacho ni kitenzi kisicho na viungo vyote. Hutangulia tu maneno ya mtu na kuyakabidhi. Mwenye kusoma Injili kwa lugha hizo hukutana na «ati» karibu kila ukurasa. Nadhani mtoto wa Kirundi akionyeshwa «quoth» ataielewa upesi kuliko mtoto wa London.

Na Kiswahili? Kiswahili kilikuwa na «kuamba», maana yake kusema. Leo hatusemi «niliamba». Lakini vipande vyake vimetapakaa kila mahali, nasi twavitumia bila kufikiri: «kwamba», «ambaye», «kuambia», «kuambiwa». Kila mara unapoandika «mtu ambaye nilimwona», umeshika mfupa wa kitenzi cha kusema. Kamusi zatukumbusha pia kwamba kuamba mtu ni kumsengenya. Yaani kitenzi hicho kilianza kwa kusema tu, kikafika kwenye kusema watu vibaya. Njia hiyo si ndefu, kama kila kijiji kinavyojua. Sisi wa Kongo ya mashariki twatumia pia «kama»: «amesema kama atakuja kesho». Mtu wa pwani akitusikia hudhani tuna shaka juu ya safari ya mwenzetu, kumbe twataja tu alivyosema.

Halafu tuna «eti», au «ati» kama wengi wanavyotamka. Hapo lazima tuwe waangalifu. Ukisema «eti yeye ni tajiri», hukumtaja tu msemaji, umejitenga naye. Umeyashika maneno yake kwa vidole viwili, kama mtu anayeokota kitu asichotaka kimchafue. Kiingereza cha kale kilifika hapohapo kwa mguu wake chenyewe: kutoka «quoth he» kikapata «quotha», neno la kutupwa nyuma ya maneno ya mwingine ili kuyadharau. Basi «quotha» ni «eti» yetu. Lakini «quoth» yenyewe si «eti». Haicheki, haidharau. Wala haithibitishi kwamba maneno ni ya kweli. Husema tu: haya ndiyo aliyonena.

Sasa tufike kwenye kosa linaloenea. Wengi wanaliona «quoth» na kulidhani ni sura ya kizee ya «quote», kitenzi cha kunukuu, kwa kuwa yanafanana machoni. Siku hizi wapo Waingereza na Wamarekani wenyewe wanaoandika kwa mzaha «he quoths», wakimaanisha ananukuu kitabu fulani. Maneno hayo mawili hayana undugu wowote. «Quoth» ni neno la Waingereza wa kale. «Quote» limetoka katika Kilatini, katika neno «quot», ngapi, na «quotare», kutia hesabu. Hapo mwanzo kunukuu kwa Kiingereza kulikuwa ni kuandika namba pembeni mwa kitabu, ili msomaji ajue sura gani na mahali gani. Wenye kazi hiyo walikuwa hasa watu wa Kanisa. Stephen Langton, aliyekufa mwaka wa 1228 akiwa Askofu Mkuu wa Canterbury, ndiye anayetajwa kuwa aliigawa Biblia katika sura tunazozitumia, alipokuwa akifundisha huko Paris; na mpiga chapa Robert Estienne alitia namba za aya katika Agano Jipya mwaka wa 1551. Katekista anaposema leo «Luka, sura ya kwanza, aya ya arobaini na sita», anafanya kazi ya «quote» katika maana yake ya kwanza kabisa.

Kitenzi cha tatu ni «cite», ambacho wenye kujua Kifaransa wanakitambua mara moja, «citer». Hicho kimetoka katika baraza: kumwita mtu aje mbele ya hakimu. Hata sasa karatasi ya kuitwa mahakamani hutajwa kwa neno hilo. Kwetu Kiswahili kina «kunukuu», lililotoka kwa Waarabu na lenye maana ya kuhamisha kitu kutoka mahali hata mahali, na «kudondoa», kazi ya mtu anayeokota punje moja moja. Maneno hayo yote yana kitabu, au karatasi, au ghala mbele yake. «Quoth» haina kitabu. Ina kinywa tu. Ndiyo maana mtu anayeifasiri kwa «alinukuu» ameikosa kabisa.

Kwamba ni neno la kinywa, Shakespeare anatuonyesha. Katika mchezo wa Romeo na Juliet, ulioandikwa karibu na mwaka wa 1595, yumo yaya aliyemnyonyesha Juliet, mwanamke wa maneno mengi. Anasimulia jinsi mtoto alivyoanguka akaumia paji la uso, na jinsi mume wake, ambaye sasa ni marehemu, alivyomwinua na kumtania. Mzaha wenyewe si wa kurudia katika gazeti hili. Lakini tazameni: afikapo kwenye maneno ya marehemu asema «quoth he», akiisha kusimulia aanza upya, na mama wa Juliet anamwomba anyamaze, naye haachi. Wengi wanafikiri leo kwamba «quoth» ni neno la wafalme na wachawi wa hadithi. Katika mchezo huo ni neno la mjane wa jikoni, na kwa neno hilo mume wake anapata tena sauti kwa muda kidogo.

Walakini mahali ninapopapenda kuliko pote, na ambapo neno hili linapimwa kwelikweli, ni katika kitabu cha William Roper juu ya maisha ya Mtakatifu Thomas More. Roper alikuwa mume wa Margaret, binti mkubwa wa More, na alikaa nyumbani mwa baba mkwe wake miaka zaidi ya 16. Alikiandika kitabu miaka kama 20 baada ya kifo cha More, nacho kilipigwa chapa mara ya kwanza mwaka wa 1626, Roper mwenyewe akiwa amekwisha kufa tangu 1578. Ni kitabu kifupi. Hakina fahari. Nguvu yake yote imo katika mazungumzo, na mazungumzo hayo yanaendeshwa na «quoth» na «said».

Someni, kwa mfano, jinsi Bibi Alice, mke wa More, alivyokwenda kumtazama mume wake gerezani katika Mnara wa London. Anamgombeza waziwazi. Anashangaa mtu aliyehesabiwa mwenye akili kukubali kufungwa katika chumba kichafu pamoja na panya, hali anaweza kurudi kwenye nyumba yake nzuri, vitabu vyake na bustani yake, ikiwa tu atafanya kama maaskofu wote walivyofanya. More anamsikiliza. Kisha anamwuliza kama nyumba hii haiko karibu na mbingu sawasawa na ile ya kwao, na katikati ya swali hilo Roper anatia «quoth he». Ni maneno mawili madogo tu, lakini yanafanya kazi ya pumzi. Sauti ya More inasimama kidogo, halafu inaendelea. Bibi Alice anajibu kwa msemo wa dharau wa wanawake wa zamani zake, na Roper hakuufuta. Mwandishi mwingine aliyetaka kumtukuza mtakatifu angeandika kwamba More alimfundisha mke wake juu ya mambo ya mbinguni. Angesema kweli, nasi tusingesikia chochote.

Lakini mahali pengine katika kitabu hicho «quoth» haihusu ugomvi wa mume na mke tu. Inahusu kichwa cha mtu.

Mambo yalikuwa hivi. More alikuwa mkuu wa sheria wa ufalme tangu mwaka wa 1529, akaacha kazi hiyo mwaka wa 1532. Mfalme Henry wa VIII alitaka aitwe mkuu wa Kanisa katika Uingereza. More alikataa kula kiapo alichotakiwa, akafungwa mwaka wa 1534. Lakini hakusema kwa nini amekataa. Alikuwa mwanasheria hodari, alijua kwamba mtu aliyenyamaza hana neno la kushikwa kwalo. Sheria mpya ilisema kwamba anayemnyima mfalme cheo chake kwa nia mbaya, hata kwa maneno matupu, ni mhaini na atauawa. Basi maadui zake walihitaji kitu kimoja tu: maneno kutoka kinywani mwake.

Mwezi wa 6 mwaka wa 1535 watu watatu wakaingia chumbani mwake kuchukua vitabu vyake. Wawili, Southwell na Palmer, walikuwa wakivifunga. Wa tatu, Richard Rich, wakili wa mfalme, akaanza kuongea na mfungwa kana kwamba ni mazungumzo ya kirafiki. Wote wawili walikuwa wanasheria, na wanasheria hupenda kupeana mifano. Rich akauliza: kama Bunge lingetoa sheria kwamba yeye Rich ni mfalme, More angemkubali? More akajibu ndiyo. Na kama Bunge lingemfanya Papa? More akamrudishia mfano mwingine: kama Bunge lingetoa sheria kwamba Mungu asiwe Mungu, Rich angesema kwamba Mungu si Mungu? Rich akajibu hapana, Bunge haliwezi kutoa sheria ya namna hiyo.

Katika ukurasa huo wa Roper, «quoth» inakwenda na kurudi kama mpira kati ya watu wawili: «quoth he», «quoth Sir Thomas More», «quoth Master Rich». Hakuna anayetiwa sifa, hakuna anayelaumiwa. Ndipo inapofika sentensi ya mwisho, ile iliyoua. Kadiri ya Rich, More alimaliza kwa kusema kwamba vivyo hivyo Bunge haliwezi kumfanya mfalme kuwa mkuu wa Kanisa. Na hapo, tazameni vizuri, Roper haandiki «quoth». Anaandika «said», na papo hapo anaongeza kwamba ndivyo Rich alivyotoa habari zake.

Sitaki kuvuta kamba mpaka ikatike. Roper huchanganya «said» na «quoth» mahali pengi bila sababu kubwa, na pengine hapa pia kubadilika kwa kitenzi ni kwa bahati. Lakini yale maneno aliyoyaongeza si ya bahati. Roper alijua kwamba kuna sentensi asiyoweza kuiacha ipite na «quoth» tupu. «Quoth» haina nafasi ya kumtaja shahidi. Inamleta msemaji na maneno yake tu, na yule aliyesikia na kuyaleta hutoweka katikati. Katika habari za kawaida hilo ni jambo jema, kwa kuwa hatutaki kumwona mchukuzi, twataka mzigo. Lakini pale ambapo mchukuzi mwenyewe ndiye mwenye shaka, neno hilo linamfichia uso. Roper akaona, akamvua Rich kifuniko.

Siku ya hukumu, tarehe 1 ya mwezi wa 7, Rich aliapa kwamba More alisema hivyo. More akakana. Akasema kwamba kama angekuwa mtu asiyejali kiapo, asingekuwa amesimama pale kama mshitakiwa; na kwamba anamsikitikia Rich kwa kiapo chake cha uongo kuliko anavyojisikitikia mwenyewe kwa hatari iliyomkabili. Akawauliza waamuzi kama yafaa kuamini kwamba siri ambayo hakuwafunulia wakuu wa mfalme kwa muda wote ule, angemfunulia mtu aliyemjua tangu zamani kuwa mwepesi wa ulimi. Rich akataka Southwell na Palmer waitwe. Palmer akasema alikuwa akishughulika kutia vitabu katika gunia, hakuangalia walichokuwa wakisema. Southwell akasema alitumwa kusimamia vitabu tu, hakutega sikio. Watu wawili katika chumba kimoja kidogo, na hakuna aliyesikia neno! Mtu aweza kuwaona kuwa waoga. Mimi nawaona pia kuwa ndio mashahidi wa pekee siku ile waliokataa kusema «quoth». Hata hivyo More alihukumiwa, na tarehe 6 akakatwa kichwa. Kanisa lilimweka katika orodha ya watakatifu mwaka wa 1935.

Kuna neno moja zaidi la kumhukumu Roper kwa haki. Yeye mwenyewe hakuwapo barazani siku ile. Hakuficha: mwishoni mwa habari ya hukumu anasema kwamba hakuhudhuria, na anawataja kwa majina watu wa kuaminika waliompa habari. Kwa hiyo kila tunaposoma majibu ya More mbele ya waamuzi, tunayapata kwa kinywa cha pili au cha tatu, tena baada ya miaka mingi. Je, More alisema neno kwa neno vile? Hakuna anayeweza kuapa. «Quoth» ya zamani haikuwa na alama za kufungua na kufunga maneno kama zetu, wala haikudai usahihi wa herufi. Ilidai kitu kingine: kwamba anayesimulia amejitahidi kumwacha mwenzake aseme kwa namna yake. Sisi wa leo tumezoea mashine za kunasa sauti, tunaomba zaidi, na mara nyingi tunapata kidogo. Sauti iliyonaswa na kukatwa katikati yaweza kudanganya kuliko kumbukumbu ya mkwe mwaminifu.

Baada ya miaka ya 1600 neno likaanza kuzeeka. Waandishi wa habari za kila siku wakaliacha, washairi wakalitunza. Aliyelifanya lijulikane tena duniani pote ni Mmarekani Edgar Allan Poe, katika shairi lake juu ya kunguru, lililotolewa mwezi wa 1 mwaka wa 1845. Mtu mmoja anakaa usiku na huzuni ya mpenzi wake aliyekufa. Kunguru anaingia dirishani. Na kila anachoulizwa anajibu neno moja tu la kukata tumaini. Mbele ya neno hilo Poe anaweka «quoth», na ndege nyuma yake, kwa utaratibu uleule wa Chaucer na Roper.

Wengi wanasema Poe alichagua neno hilo kwa ajili ya ladha ya kale tu. Mimi naona kuna zaidi. Katika shairi lenyewe yule mwenye huzuni anawaza kwamba ndege hana akili ya jibu lake. Labda amelishika kwa bwana wake wa zamani, mtu mwenye misiba. Basi kunguru anarudia maneno ya mwingine bila kuyaelewa, na msikiaji anayapokea kana kwamba yamesemwa kwa ajili yake. Mwaka uliofuata Poe aliandika makala kueleza alivyolitunga shairi, akasema kwamba kwanza alifikiria kumtumia kasuku, ndipo akamchagua kunguru kwa kuwa anafaa zaidi kwa huzuni. Sisi ambao misitu yetu ndiyo nyumbani kwa kasuku wa kijivu twajua alichokuwa akikitafuta. Kasuku hasemi uongo, wala hasemi kweli. Asema alichosikia. Kumpa ndege wa namna hiyo kitenzi chenye heshima kubwa ya kunena, hilo ndilo lenye uchungu katika shairi, na msomaji aliyefundishwa kwamba «quoth» ni «alisema» tu hataliona.

Pengine mwalimu atauliza: basi tulifasiri namna gani kwa Kiswahili? Kwa bahati nzuri lugha yetu hukubali kitenzi kitangulie na mtu afuate: «akasema yule mzee», «akanena mfalme». Kwa hiyo utaratibu wa neno hautupi taabu. Kwa yule yaya wa Shakespeare ningetumia «akasema», na pengine «asema» tu, kama watu wanavyosimulia kando ya moto. Kwa kunguru wa Poe, «akanena», maana ni zito kidogo na lina harufu ya zamani. «Alinukuu» isitumike popote. «Eti» pia isitumike, ijapokuwa inashawishi kwa kunguru, kwa sababu itamwambia msomaji mapema kwamba ndege ni mjinga, hali mshairi amemwacha agundue mwenyewe.

Kwa Roper kazi ni ngumu zaidi. Anayemfasiri, naye ni Mkatoliki anayempenda More, atashawishika kutia «eti» kila Rich anapofungua kinywa. Asifanye hivyo. Roper alimpa Rich «quoth» ileile aliyompa baba mkwe wake, na mazungumzo yote ya chumbani yaandikwe kwa «akasema» iliyo sawa kwa wote wawili, mpaka sentensi ile moja. Hapo, badala ya kitenzi kitupu, mfasiri aandike kama Roper: alisema Thomas More, kadiri ya habari iliyotolewa na Rich.